Uzi: Jua likimezwa dakika saba, nje ikapita miaka saba, mkitoka ni saa ngapi?

MwanaKibirizi (mleta mada)

Wakuu, mwakeye. Nipo Kigoma. Mchana natengeneza taa za sola za wavuvi hapa Kibirizi, usiku naandika hadithi ambazo mke wangu anaziita chai. Kuna moja imenikwama tangu masika, naileta hapa muichanechane.

Ni dunia ya kubuni. Nchi inaitwa Msanzira, ipo kando ya ziwa Ntenge, ziwa refu lenye kina cha kutisha, milima inaingia majini bila kuaga (ndiyo, nimeiba hapahapa nyumbani). Angani kuna miezi miwili, Kulwa na Doto. Kila baada ya miaka 77 inapangana mmoja nyuma ya mwenzake mbele ya jua, kivuli kinashuka ziwani. Wenyeji wanaliita jambo hilo Mmezo. Aliye ndani ya Mmezo anaona giza la dakika saba, basi. Aliye nje anahesabu miaka saba. Hakuna joka wala mfalme aliyepotea, msije mkaniuliza panga la moto liko wapi.

Ninapokwama ni padogo. Watu wa Msanzira wanahesabu saa kama sisi, kwa jua. Jua likichomoza ni saa kumi na mbili, likipanda kidogo ni saa moja. Sasa jua limezwe saa tano asubuhi, kisha litoke tena. Kwa aliyekuwa ndani jua limechomoza mara mbili siku moja. Atasema ni saa tano na dakika saba, au ni saa kumi na mbili upya? Na ule usiku wa dakika saba umezaa tarehe mpya au haukuzaa? Nimeandika sura hiyo mara nne, kila mara wazee wa kijiji wanagombana halafu mimi mwenyewe sijui nani ana haki.

TairiLaNyuma

Chai hii ina tangawizi na mdalasini. Nimekaa siti ya dirishani, endeleeni.

MpakaniOne

Mkuu, wewe upo Kigoma halafu unauliza habari ya saa kupinda? Saa hapa imepinda zamani. Mimi nakaa karibu na mpaka, simu ikidaka mnara wa ng'ambo inarudi nyuma saa nzima. Kuna siku alamu imenilia saa kumi na moja alfajiri, nikaoga kwa mbwembwe, nikafika stendi naambiwa gari liliondoka dakika arobaini zilizopita. Alamu ilikuwa ya Burundi, gari lilikuwa la Tanzania.

Na hata bila simu, angalia jua. Saa ya nchi nzima imepangwa kwa mstari wa nyuzi 45 mashariki, na mstari huo upo baharini kabisa, haugusi hata Dar. Kigoma tupo karibu nyuzi 30. Kila nyuzi 15 ni saa moja. Kwa hiyo jua letu linakaa utosini saa saba mchana, si saa sita, na kuchomoza linachomoza kwenye saa moja. Lakini mwambie mtu wa Mwanga, mtaa wa hapa Kigoma mjini, kwamba saa kumi na mbili asubuhi bado ni usiku, atakuitikia tu huku anafagia kwa tochi.

Kwa hiyo jibu langu: watasema saa aliyopanga mwenye nguvu. Hapo Msanzira nani anapanga saa?

MwanaKibirizi

Dah. Hilo sikuwa nimelifikiria. Nilidhani jua ndilo linapanga.

MwalimuWaNamba

Habari zenu. Nafundisha hesabu na fizikia, sitaji shule. Mada nimeipenda ila kuna mambo matatu ya kunyoosha.

Kwanza dakika saba. Uko salama. Hapa duniani kupatwa kamili kwa jua hakuwezi kuzidi dakika saba na sekunde 32 hivi, na kwa kawaida ni pungufu sana. Ile pete ya tarehe 1 Septemba 2016 (mwezi ulifunika katikati ya jua tu, ukabaki mduara wa mwanga), ambayo watu walifurika Rujewa kule Mbarali kuiangalia, ilidumu kama dakika tatu tu.

Pili miaka 77. Hujatuambia miezi yako inazunguka kwa siku ngapi.

Tatu, na hapa ndipo penye kesi: miezi inaendelea na safari zake. Mtu wa nje anaiona imeshapita, jua linamwakia kama kawaida. Kinachobaki kufunika ziwa kwa miaka saba ni nini?

MwanaKibirizi

Mwalimu, Kulwa siku 19, Doto siku 31. Nilichagua tu, zimenipendeza.

Hiyo ya tatu nina jibu ila sijui kama litasimama. Kivuli chenyewe kipo ndani ya Mmezo. Nacho kina dakika zake saba za kuondoka, kama wavuvi. Ni sisi wa nje tunaokiona kinajikokota.

MwalimuWaNamba

Linasimama. Linasimama vizuri kuliko nilivyotegemea.

Kuhusu miezi: 19 mara 31 ni 589. Maana yake kila siku 589 miezi yote miwili inaandama pamoja, na watu wako wangepata Mmezo karibu kila mwaka na nusu. Wangezoea kama mgao wa umeme. Kinachokuokoa ni mteremko. Hata mwezi wetu unaandama kila mwezi lakini jua halipatwi kila mwezi, kwa sababu njia yake imeinama kama nyuzi tano, mara nyingi unapita juu au chini ya jua. Inamisha njia za Kulwa na Doto tofauti tofauti, kisha sema ni mara ya 48 tu ndipo zinalenga. 589 mara 48 ni siku 28,272. Gawa utapata miaka 77 na miezi mitano hivi. Nimerudia kwa kikokotoo kwa sababu sikuamini. Ulibahatisha.

Sisi tuna mzunguko wetu: miaka 18, siku 11 na saa nane. Zile saa nane ndizo zinazotunyima, kwa sababu dunia inakuwa imejigeuza theluthi moja, kupatwa kunakofuata kunaangukia bara lingine. Inabidi ungoje mizunguko mitatu, miaka 54 na mwezi mmoja, ndipo kurudi pande zenu. Ile ya 2016 ndugu yake wa pande hizi ilikuwa 31 Julai 1962, uhuru haujatimiza mwaka.

Sh_UjijiJuu

Assalaam alaykum. Vijana mmeanza vizuri, naomba na mimi mzee nipenyeze langu.

Mwaka huo 2016 ilikuwa Alhamisi. Hapa kwetu halikupatwa lote, lilimegwa likabaki kama kipande cha kucha. Sikuangalia juu, nilikatazwa na macho yangu yenyewe. Nilikaa chini ya mwembe. Mwanga ukipenya kwenye majani huwa unadondosha vidoa vya mviringo ardhini, hakuna anayevitazama. Siku hiyo kila kidoa kilikuwa kimwezi kichanga, mamia ya vimwezi kwenye mchanga, kwenye kanzu yangu, mgongoni kwa mbuzi. Mleta mada, kama watu wako wana miti, usiwanyime hilo.

Tuliswali swala ya kupatwa, rakaa mbili zenye rukuu mbili mbili. Na kuna jambo tunakumbushana siku kama hiyo. Ibrahim, mtoto wa Mtume, alipofariki jua likapatwa, watu wakasema limepatwa kwa ajili yake. Mtume akawakataza: jua na mwezi havipatwi kwa kifo cha mtu wala kwa uhai wake. Kwa hiyo Mmezo wako usiufanye adhabu kwa kijiji fulani. Utaharibu hadithi.

Juu ya miaka: wale vijana wa pangoni kwenye Qur'ani walilala miaka mia tatu ikazidi tisa. Walipoamka wakaulizana tumekaa muda gani, wakajibu siku moja au sehemu ya siku. Na mia tatu kwa hesabu ya jua ni karibu mia tatu na tisa kwa hesabu ya mwezi. Usingizi mmoja, hesabu mbili, na zote sahihi. Wazee wako wa kijiji waache wagombane.

KuheMkavu

Mzee Ujiji umenikumbusha. Huko kwenu ndiko wazungu wawili walishindwa kukubaliana tarehe. Stanley aliandika kamkuta Livingstone 10 Novemba 1871, daftari la Livingstone linasema mwishoni mwa Oktoba. Watu wamekaa chini ya mti mmoja wanakunywa pamoja, kila mmoja yuko mwezi wake. Homa hiyo, wala haikuhitaji jua kupatwa.

Ila mimi ni mvuvi, nauliza ya kivuvi. Jua likipatwa ni lazima mwezi uwe umeandama, au nakosea mwalimu? Mwezi ukiandama kwetu ndiyo giza, ndiyo kazi. Mbalamwezi tunakaa nyumbani tunashona nyavu, giza tunakesha ziwani na taa dagaa waje. Maana yake kuamkia Mmezo wavuvi wote walikesha. Saa tano asubuhi wamelala fofofo. Watamezwa usingizini, waamke waulize tu kwa nini mabati yameota kutu. Huna hadithi hapo mkuu, una watu wanakoroma.

MwalimuWaNamba

Hukosei. Jua hupatwa mwezi unapoandama tu.

MwanaKibirizi

KuheMkavu umeniua. Sura tatu nilizoandika wavuvi wapo ziwani saa tano mchana wanavua dagaa. Mimi nakaa na wavuvi kila siku ya Mungu!

TairiLaNyuma

Mwandishi wa Kibirizi anavulisha dagaa mchana. Uzi umeisha, mods fungeni 😂

BibiWaAsali

Mwangaluka nyote. Nawasoma kutoka Tabora tangu jana, nilikuwa nakamua asali sikuwa na mkono wa kuandika.

Mleta mada, umechukua majina yetu ukayatundika angani, Kulwa na Doto, sawa, hatudai hela. Lakini kwenye hadithi nzima sioni pacha hata mmoja. Unaitaje miezi Kulwa na Doto halafu chini yake hakuna mama anayejifungua? Sisi Kulwa ndiye anayetangulia, Doto anafuata, na hata wakipishana dakika tano, Kulwa ni mkubwa mpaka kaburini. Sasa hebu Kulwa azaliwe kabla ya Mmezo atolewe nje, Doto azaliwe ndani.

MpakaniOne

Subiri. Subiri kwanza. Kulwa ana miaka saba Doto anatoka tumboni??

BibiWaAsali

Ndiyo. Na bado ni mapacha. Waulize wazee wako hiyo, waache mambo ya saa.

TairiLaNyuma

Mtoto anayefuata mapacha si anaitwa Shija? Baba akiwa nje miaka saba na mke mwingine, Shija anamtangulia Doto. Nimetoka.

BibiWaAsali

Shija ni wa tumbo lilelile lililobeba mapacha, mjukuu wangu. Usitulete fujo kwenye ukoo.

MwalimuWaNamba

Wazo la mama ni zuri mno, lakini fizikia inauliza: mtoto anatolewaje nje? Kivuli cha kupatwa kinakimbia. Hapa ikweta, hata kikiwa polepole, ni kama kilomita 1,700 kwa saa, kilomita 28 kila dakika. Mwaka 1973, tarehe 30 Juni, wanasayansi walipanda ndege ya Concorde wakakifukuza kivuli juu ya Afrika kuanzia upande wa visiwa vya Kanari mpaka Chad, wakakaa ndani yake dakika 74. Iliwabidi wawe na Concorde. Wewe una dada wa mzazi amebeba kichanga mgongoni.

Sh_UjijiJuu

Mwalimu, kwani lazima akimbizane nacho? Rujewa waliona pete, sisi Ujiji tukaona kucha. Kivuli kikipita kina pembe zake, kushoto na kulia, kama njia ya tembo. Asimame tu nje ya njia.

MwalimuWaNamba

Mzee, naomba radhi, ni kweli tupu. Na ukingo huo ni mkali ajabu. Tarehe 24 Januari 1925 kivuli kilipita juu ya jiji la New York, ukingo ukaangukia katikati ya mitaa. Waliwekwa watu juu ya mapaa mtaa kwa mtaa kuangalia. Waliokuwa kaskazini ya mtaa wa 96 waliona jua likizima kabisa, waliokuwa kusini yake wakabakiwa na kiuzi cha mwanga. Jiji moja, tofauti ya kutembea dakika chache.

MwanaKibirizi

Basi nimepata mawe. Wazee wa Mmezo uliopita walipanga mawe mlimani pale ukingo ulipopita. Chini ya mawe ni ndani, juu ya mawe ni nje. Siku zinapokaribia watu wanahamia juu na mbuzi na vyungu. Mama yuko kibandani ufukweni, uchungu umemshika mapema, mkunga anasema hasogezwi. Kulwa anatoka. Wa pili anachelewa. Mama mdogo anamfunga Kulwa kwa khanga anapanda naye mlima mpaka juu ya mawe. Giza linafika.

Asanteni. Mnajua nimekaa na hii hadithi miezi mingapi?

KuheMkavu

Nani atamnyonyesha Kulwa?

BibiWaAsali

Huko juu kuna kijiji kizima na mbuzi wake, hakosi. Usiweke ukurasa mzima wa maziwa.

MpakaniOne

Mimi nataka kujua wa juu ya mawe wanaona nini wakiangalia chini. Na ukichomeka fimbo kwenye ukingo inakuwaje? Au wavu nusu ndani nusu nje?

MwalimuWaNamba

Nimekaa na karatasi. Dakika moja ndani ni mwaka mmoja nje. Sekunde moja ndani ni siku sita na saa mbili nje. Tone la maji likidondoka kutoka kwenye kasia lililoinuliwa mita moja, kwa sisi ni karibu nusu sekunde. Watu wa juu ya mawe wataliona tone hilo likining'inia karibu siku tatu. Watoto wataenda shule wakirudi wanalikuta bado. Mkono wa mkunga kufuta jasho ni wiki.

Wavu nusu kwa nusu siushauri.

Lakini sasa njoo upande wa pili, kuna balaa. Aliye ndani anapokea mwanga wa nje. Dakika yake moja ina dakika 525,960 za nje. Jua la mwaka mzima linammiminikia kwa dakika moja. Watu wako hawatapotea muda, watakaangwa kama dagaa.

Nimetafuta pa kukwepa nimekosa. Labda uchawi.

Sh_UjijiJuu

Mwalimu, si ndiyo maana kuna giza?

MwalimuWaNamba

...

Sh_UjijiJuu

Yaani miezi imesimama mbele ya jua ili wasiungue. Mnalalamikia giza kumbe ndilo mwavuli.

MwalimuWaNamba

Nimefunga daftari. Mzee apewe maua yake.

MwanaKibirizi

Mimi nimesimama katikati ya duka na waya mkononi. Maana nilikuwa nimeandika giza ndilo linalowaibia watu miaka. Kumbe limekaa hapo kuwalinda. Nafuta sura nzima.

Lakini mwalimu, jua wamefunikwa. Je mwanga wa huko juu ya mawe? Mama akilala anaangalia mlango, mlango unaangalia mlima.

MwalimuWaNamba

Ataona mlima unamezwa na mchana na usiku mara sita kwa sekunde, macho yatachoka ataona rangi moja ya magharibi. Ambayo, kwa bahati, ndivyo inavyokuwa. Kwenye kupatwa kamili upeo wa macho unakuwa na rangi ya machweo pande zote, ukijizungusha unaona jioni kila upande. Wewe utasema ile rangi ni asubuhi na jioni za miaka saba zimekorogwa pamoja. Mimi nikisahihisha mtihani wa namna hiyo nakupa maksi.

BibiWaAsali

Na taa je?

MwalimuWaNamba

Taa ipi mama?

BibiWaAsali

Mama mdogo ana mtoto wa dada yake mgongoni, dada yupo chini gizani anaumwa uchungu. Usiku ukiingia utamzuia asiwashe taa aonekane? Mimi ningewasha. Kila usiku.

MwalimuWaNamba

Ngoja.

Usiku 365 kwa dakika. Mara sita kwa sekunde. Mama angeiona taa ikipepesa, kama balbu inayotaka kuungua. Ila mchana ungeifunika, labda taa ikae mahali pasipofikiwa na mchana. Ndani ya pango, mdomo wake unaangalia ziwa.

KuheMkavu

Mapango yapo. Miamba yetu ya pembeni ya ziwa imejaa matundu. Taa inawekwa kwenye tundu la juu isipigwe na upepo, usawa wa kichwa cha mtu mzima. Karabai hiyo, sio hizi sola zako mwana Kibirizi. Karabai inapumua.

MwanaKibirizi

Kwa hiyo mama yupo katikati ya uchungu, anahesabu kwa ile taa. Ikipepesa anajua mdogo wake yupo hai.

MpakaniOne

Na ikizima?

TairiLaNyuma

Jamani mimi nilikuja kutania. Msiniambie inazima.

MwanaKibirizi

Miaka saba ni mingi, TairiLaNyuma. Mlimani kuna homa, kuna nyoka, kuna kuolewa mbali. Nadhani itazima dakika ya tano.

BibiWaAsali

Halafu Kulwa?

MwanaKibirizi

Kulwa ana miaka mitano hapo.

KuheMkavu

Mtoto wa miaka mitano hafikii tundu la juu. Ataweka chini, kwenye ngazi ya jiwe. Na atasahau siku zingine, atalala. Kwa hiyo iandike imezima, halafu imewaka tena, imeshuka kama mita moja, na inarukaruka.

(Ujumbe uliofuata ulikuja saa nane usiku.)

MwanaKibirizi

Naweka kipande. Ni rasimu, msinichape.

"Mkunga alisema sukuma, naye akasukuma. Mlangoni mlima ulikuwa na rangi ya magharibi, na katikati yake tundu la mwanga likipepesa, juu, palepale alipomwona mdogo wake akipotelea na khanga. Alilishika kwa macho kama mtu anavyoshika kamba. Mkunga alimfuta jasho. Tundu likapepesa. Mkunga alikunja mkono. Tundu likapepesa. Kisha mlima ukawa na rangi moja tu.

Akasema, Imezima.
Mkunga akasema, Nini imezima? Sukuma.

Hakusukuma. Alivuta pumzi akaisahau kifuani. Nje, alijua bila kufundishwa, mtu alikuwa akichimbiwa, watu walikuwa wanakula matanga, wanaanua matanga, na yeye bado alikuwa hajatoa pumzi ile moja. Halafu taa ikarudi. Si pale. Ilirudi chini, kama mtu ameiweka sakafuni. Ikapepesa, ikaruka, ikapepesa mbili, ikaruka. Haikuwa mkono wa mdogo wake. Mdogo wake alikuwa mtu wa mpango.

Aliitazama kimo chake. Akainua kiganja kutoka kwenye mkeka, akakipima hewani usawa ule, kama watu wanavyopima mtoto wakimweleza mgeni.

Akasema, Ah. Umeshafika hapo."

Bado sijaandika Doto anavyotoka.

BibiWaAsali

Nimesoma nikiwa sokoni. Mteja ananiuliza bei ya asali namwangalia tu.

MwalimuWaNamba

Kujua kwamba nje wanakula matanga kwa pumzi moja: sekunde tatu nne, siku ishirini hivi. Inakubali.

Sh_UjijiJuu

Usiseme mdogo mtu amekufa. Umeshasema.

MpakaniOne

Narudi pale pale mwanzo. Giza likiondoka, saa ngapi?

MwanaKibirizi

Wazee wenye mawe watasema saa tano na dakika saba, ya siku ile ile, kwa sababu wao ndio wanaolinda hesabu na hawataki madeni ya miaka saba yaulizwe. Hapo ulinipa jibu wewe. Mama atasema kumekucha, saa kumi na mbili, maana ana kichanga na jua limechomoza. Kulwa hatasema kitu, yuko bize kushuka mlima.

TairiLaNyuma

Na nani mkubwa?

BibiWaAsali

Kulwa. Hilo halina mjadala hata jua likimezwa mara kumi.

MwanaKibirizi

Nalala wakuu. Ni giza wiki hii, alfajiri watakuwa mlangoni wanadai taa zao.